Cannae Warumi walichinjwa karibu wote halafu vita wakashinda wao, hii imekaaje? Na vita ya nchi nzima zamani ilikuwepo?

Kijana wa Mwaloni

Wakuu mwangaluka, shikamooni wakubwa zangu. Nipo Mwanza hapa Kirumba, jana kwenye kahawa ulizuka ubishi mpaka muuza kahawa akatutaka tupunguze sauti, nimeona niulete huku manake kule anayeshinda ni mwenye mdomo mkubwa.

Jamaa mmoja anasema zamani vita ilikua inaisha siku moja, majeshi mawili yanakutana uwanjani asubuhi, jioni mmoja kashinda, wengine wanarudi zao kulima, mfano wake Alexander Mkuu wa Makedonia na Waajemi. Mwenzie akamwambia kama ndio hivyo mbona Hannibal, jenerali wa Karthago (mji wa Afrika kaskazini, Tunisia ya leo), aliwamaliza Warumi pale Cannae kusini mwa Italia mwaka 216 KK karibu jeshi zima na bado aliyekuja kushindwa ni yeye? Wa kwanza akasema Hannibal alizubaa, angeenda Roma moja kwa moja kazi ilikua imeisha. Hapo sasa.

Swali la pili ni langu mwenyewe. Hii vita ya nchi nzima, yaani wakulima, mafundi, wanawake, kodi, chakula, kila kitu kinaingizwa vitani na adui nae anapiga kila kitu bila kuchagua, shuleni tulifundishwa kama kitu cha karne ya 20, viwanda na mabomu. Zamani haikuwepo? Nikisoma Biblia naona miji inafutwa kabisa. Naombeni shule, lugha iwe nyepesi tafadhali.

Mstaafu Nyakato

Marahaba kijana. Afadhali mmebishana kitu cha maana, vijiwe siku hizi ni mpira tu.

Warumi siku ile ya Cannae walileta jeshi ambalo ukubwa wake hawakuwahi kuufikisha kabla, Polybius, mwandishi wa historia wa Kigiriki wa kale, anataja askari wa miguu kama 80,000. Hannibal alikua na 40,000 na ushee wa miguu, na wapanda farasi kama 10,000, hao farasi ndio alikua amewazidi Warumi. Nyie watu wa Mwaloni kokoro mnalijua vizuri ingawa limepigwa marufuku, basi alichofanya Hannibal ni kokoro. Katikati aliweka Wagalli na Wahispania, akawatokeza mbele kama tumbo, Warumi wakawasukuma, wale wakawa wanarudi nyuma pole pole bila kukatika, Warumi wakaona hee tunashinda hawa, wakazidi kujazana mule ndani. Kumbe huku na huku pembeni wapo askari wa Libya hawajaguswa, wakageuka wakawabana mbavu, na wapanda farasi ambao walikua wameshawafukuza wenzao wa Kirumi wakarudi wakaziba nyuma. Baada ya hapo hapakua na mapigano, watu walibanana kiasi kwamba wa katikati hawana hata nafasi ya kurusha mkono, wakawa wanasubiri zamu. Livy, mwandishi wa historia wa Kirumi, anahesabu waliokufa 48,200, Polybius anafika karibu 70,000. Chukua hata ile ndogo, halafu kumbuka ni kwa mapanga, kwa siku moja. Konsuli Aemilius Paullus, mmoja wa wakuu wawili wa Roma mwaka ule, alifia palepale, na watu wa Seneti kama 80.

Mji mwingine wowote wa zama zile ungetuma wajumbe kesho yake kuulizia masharti. Na Hannibal ndicho alichokua anakisubiri, yeye hakutaka kuifuta Roma, alitaka ikae mezani. Akamtuma afisa wake Carthalo pamoja na wawakilishi wa mateka. Warumi wakamkatalia Carthalo kuingia, wakamwambia awe ametoka kwenye ardhi yao kabla ya usiku, na mateka, watoto wao wenyewe, wakakataa kuwakomboa. Wakanunua vijana 8,000 watumwa kwa pesa ya serikali wakawapa silaha. Silaha zilizokua zimetundikwa kwenye mahekalu, nyara za vita za zamani, zikashushwa zikagawiwa. Kilio cha matanga wakakiwekea mwisho siku 30. Mwaka uliofuata kodi ikapigwa mara mbili, wenye makampuni ya kupeleka chakula na nguo kwa jeshi la Hispania wakaombwa wakopeshe serikali, wakakubali. Kufika 212 KK wana legioni (vikosi vikubwa vya jeshi) kama 25 zipo kazini. Kijana, swali lako la pili hapo nimeshaanza kulijibu bila kukusudia.

Watu waliwatoa wapi? Washirika wa Roma huko Italia kodi kubwa waliyodaiwa ilikua watu. Polybius kaandika orodha ya mwaka 225 KK, Warumi na washirika wanaoweza kushika silaha ni zaidi ya 700,000 wa miguu na 70,000 wa farasi. Hannibal alilijua hilo ndio maana hesabu yake ilikua kuwang'oa washirika mmoja mmoja. Wengine waling'oka kweli, Capua mji mkubwa kabisa ukahamia kwake, kusini kwingi kukahamia, ila Walatini wa katikati hawakuhama. Alishinda uwanja, akakosa Italia. Vita ikaenda miaka 14 mingine.

Pikipiki Igoma

Mzee heshima yako ila bado hujajibu, ANGEENDA ROMA JE? Hata Maharbal kamanda wake wa farasi alimwambia unajua kushinda ila hujui kuutumia ushindi. Wangepigwa palepale wakiwa bado wanalia.

Mstaafu Nyakato

Ipo kwa Livy ndio, na ni maneno matamu ndio maana kila mtu anayakumbuka. Sasa toka kwenye maneno uje barabarani. Cannae hadi Roma ni kama kilomita 400, ni hapa mpaka Tabora na bado unaendelea kidogo, kwa miguu, na majeruhi, na yeye kapoteza watu wake kati ya 6,000 na 8,000. Ukifika unakuta ukuta wa mawe na mji wenye watu tele. Mitambo ya kuvunjia ukuta hana. Saguntum kule Hispania, mji mdogo tu, ulimchukua miezi nane mwaka 219 KK, na huko alikua karibu na kwao na mitambo alikua nayo. Kukaa mbele ya Roma miezi nane unalisha farasi 10,000 kwa kitu gani?

Na alienda mwishoni, mwaka 211 KK, Warumi walipokua wameizingira Capua akajifanya anaenda Roma ili waiache Capua wamkimbilie. Hawakumkimbilia. Livy anasimulia eti shamba ambalo Hannibal alikua amepiga kambi liliuzwa siku zile zile pale Roma kwa bei yake ya kawaida bila kupungua. Inaweza ikawa chumvi ya Livy lakini Capua kweli ilianguka mwaka ule ule.

Mama Furu

Nimecheka hiyo ya shamba. Mimi nachangia kwenye swali la pili kwasababu wanaume mkianza vita mnaishia kwenye farasi na mapanga.

Mwaka 215 KK, Roma hiyohiyo ya baada ya Cannae, walipitisha sheria ya Oppia, mwanamke asiwe na dhahabu zaidi ya nusu aunsi, asivae nguo ya rangi rangi, asipande gari la farasi mjini isipokua kwa ibada. Vita ya uwanjani haina haja na hereni zako mama, ikishafikia hereni ujue nchi nzima imeingia. Na vita ikaisha, Hannibal kashindwa, sheria imebaki vilevile mpaka 195 KK wanawake walipojaa barabarani kuwazuia waheshimiwa njiani, konsuli Cato akahutubia kuwapinga akashindwa. Hiyo haipo kwenye vitabu vya shule.

Halafu kuna Karthago yenyewe mwisho wake. Huu ndio mfano wangu wa vita ya nchi nzima na wala sihitaji kiwanda cha karne ya 20. Mwaka 149 KK Warumi wanawaambia leteni mateka 300 watoto wa wakubwa, wakapeleka. Leteni silaha zote, wakapeleka, Appian, mwandishi wa historia wa zamani, anataja silaha za askari 200,000 na mitambo ya kurushia mawe 2,000. Wakishabaki mikono mitupu ndio wanaambiwa sharti lenyewe, hameni mji wenu, jengeni mwingine popote mnapotaka mradi uwe kilomita kama 15 kutoka baharini. Mnajua maana ya kumwambia mtu wa maji asiione bahari? Hebu waambie Ukerewe wahamie Kwimba uone.

Wakakataa. Mji hauna hata upanga mmoja, wakageuza mahekalu na viwanja vya wazi kuwa karakana, wanaume na wanawake wanafanya kazi mchana na usiku kwa zamu, chakula cha kupimiwa. Kwa siku wanatoa ngao 100, mapanga 300, mishale ya mitambo 1,000, mikuki 500. Kamba za mitambo hakuna, wanawake wakanyoa nywele zikasokotwa kamba. Walishikilia hivyo miaka mitatu! Waliposhindwa mwaka 146 KK ilikua nyumba kwa nyumba siku sita, ghorofa kwa ghorofa, waliojisalimisha 50,000 wakauzwa utumwani, mji ukachomwa. Ile ya kwamba walimwaga chumvi kwenye mashamba ni hadithi ya watu wa juzi juzi, waandishi wa zamani hawaisemi, msiibebe kijiweni.

Pikipiki Igoma

Nywele??? Aisee

Nahodha Ukerewe

Kuhama Kwimba hatuhami dada, hilo liandike.

Mimi nitasema habari za majini manake hapa watu wanaongea nchi kavu tu. Mnatafuta pigano moja lililomaliza vita kweli kweli? Aegospotami, 405 KK, Athene na Sparta. Na karibu hakuna pigano lenyewe.

Vita yao ilianza 431 KK, Sparta wababe wa nchi kavu, Athene wababe wa maji. Miaka ya mwanzo Sparta karibu kila mwaka wanaingia Attica, yaani mashamba ya Athene, wanakata mizabibu wanachoma ngano, watu wa Athene wamejikusanya ndani ya kuta ndefu zinazounganisha mji na bandari, wanaangalia moshi wa mashamba yao huku wanakula ngano ya meli. Yaani kuchoma shamba hakukuwaua njaa. Tauni ndiyo iliwaua, ya 430, kwa ule msongamano. Baadae 413 Sparta wakaweka kambi ya kudumu Decelea ndani ya Attica kwenyewe, watumwa zaidi ya 20,000 wakatoroka, wengi mafundi, hiyo ikauma zaidi. Bado hawakuanguka! Mwaka huohuo walipoteza jeshi na meli zote kule Sisili, bado wakajenga meli nyingine wakaendelea miaka tisa.

Kwanini? Ngano. Ilikua inatoka Bahari Nyeusi inapita ule mlango mwembamba wa Hellespont. Ukiwa na meli pale mji unakula, ukikosa haukai.

Sasa Lysander wa Sparta kapata pesa za Waajemi kajenga meli, akajibana ng'ambo ya mlango. Waathene meli 180 wamezipaki ufukweni mchanga mtupu, hakuna mji wala soko, kila siku asubuhi wanatoka wanajipanga wanamsubiri, jamaa hatoki, mchana wanarudi wanashuka wanatawanyika kutafuta chakula. Siku nne hivyo. Alcibiades, jenerali wao wa zamani, alikua anaishi jirani akaja akawaambia jamani hapa ni pabaya sogeeni Sestos kwenye bandari na soko, wakamwambia nenda zako makamanda ni sisi. Siku ya tano Lysander kaacha wametawanyika wanahangaika na mlo ndio anavuka. Meli kama 170 zimekamatwa zikiwa kavu, Conon, mmoja wa makamanda wao, kakimbia na chache. Walioshikwa Waathene wakauliwa.

Alafu angalia alichofanya baada ya hapo, hiki ndicho kinanishangaza kuliko lile pigano. Kila mji aliouchukua, Waathene waliokua wanalinda pale hakuwaua, akawapa njia salama warudi Athene tu na si kwingine. Roho nzuri? Hapana, anaongeza midomo ndani ya mji usio na ngano. 404 wakajisalimisha, kuta ndefu zikabomolewa huku filimbi zikipigwa. Korintho na Thebes walitaka Athene ifutwe kabisa watu wauzwe, Sparta wakakataa.

Mtu akiniuliza mimi, sio meli 170 zilizomaliza, ni kwamba hazina ya kujenga nyingine ilikua imekwisha. Baada ya Sisili walikua na akiba ya talanta 1,000 (talanta ni kipimo chao cha fedha) waliyoiweka kando mwanzo wa vita, ile waliitumia. Safari hii hamna.

Mwinjilisti Buzuruga

Bwana asifiwe. Kijana umetaja Biblia, soma Wafalme wa Pili 18 ukiwa na swali lako kichwani. Senakeribu mfalme wa Ashuru, 701 KK. Anamtuma amiri wake kwenye ukuta wa Yerusalemu, wakubwa wa Hezekia wanamwomba aongee Kiaramu ili watu waliokaa ukutani wasielewe, yeye anakataa, anapaza sauti kwa lugha ya watu kusudi, anawaambia mtakula uchafu wenu na kunywa mkojo wenu, afadhali mtoke kwangu niwahamishe nchi yenye ngano na divai. Anaongea na watu wenyewe, wakubwa kawaruka. Na kuhamisha hakukua maneno matupu, maandishi ya Senakeribu mwenyewe yanadai alichukua miji 46 yenye kuta na watu 200,150. Ile 200,150 wengi wanaitilia shaka lakini kuhamisha watu ilikua kazi yao ya kila siku, unachukua mafundi wa huku unawapeleka kule, wa kule unawaleta huku, asibaki mtu wa kuinua kichwa. Lakishi wamechimba wamekuta hadi tuta la udongo na mawe ambalo Waashuri walijenga kupandia ukuta.

Yerusalemu hakuichukua. Na Ninawi yao ikaangushwa 612 KK na Wababeli na Wamedi.

Mbishi wa Capri Point

Uzi mtamu ila mnachanganya vitu viwili ngoja niharibu. Ukatili ni kitu kimoja, nchi nzima kuingia vitani ni kingine. Alexander alipoifuta Thebes 335 KK, akaua 6,000 na kuuza 30,000, ule ni ukatili, jeshi lake mwenyewe lilikua la watu wachache wa kazi, Makedonia iliyobaki inalima. Waathene kule Melos mwaka 416 na 415 waliua wanaume wote wazima wakauza wanawake na watoto, kisiwa kidogo tu, Athene haikuingia nchi nzima kwa ajili ya Melos. Kwa hiyo msihesabu kila mji uliochomwa.

Tena zamani adui ili akufikie shambani lazima aje kwa miguu. Sisi wa huku tunalijua hili, vita ya Kagera malori na mabasi yalichukuliwa, mgambo wakaandikishwa, hapo nchi imeingia kweli, na Machi 1979 ndege ya Libya ikatumwa kuja kuipiga Mwanza ambayo hakuna askari wa Amin aliyewahi kuisogelea, mabomu yakaangukia Saanane yakaua swala. Ramses farao wa Misri hawezi kufanya hivyo.

Nikikubali mmoja basi ni ufalme wa Qin kule China kuliko hata Roma. Qin kila mkulima ameandikwa kwenye daftari, cheo chako kijijini na shamba lako vinategemea vichwa vya maadui ulivyoleta. Changping 260 KK wanapigana na ufalme jirani wa Zhao, mwanzoni Lian Po kamanda mzee wa Zhao kajichimbia ndani ya ngome hatoki, kama Fabius, yule jenerali wa Kirumi aliyekua anakwepa kupambana na Hannibal kule Italia. Qin wakaeneza maneno kwamba wanachokiogopa wao ni Zhao Kuo, kijana mtoto wa jenerali, mfalme wa Zhao akaingia mkenge akambadilisha. Kijana katoka kwa fujo, Bai Qi kamanda wa Qin kamzunguka kakata njia ya chakula. Sasa hapa ndio pa kusoma vizuri, mfalme wa Qin mwenyewe akaenda wilaya ya jirani ya Henei, akawapa watu wote cheo daraja moja juu, akaandikisha kila mwanaume kuanzia miaka 15, akawapeleka kuziba njia za msaada na chakula cha Zhao. Siku 46 bila chakula mpaka wakaanza kulana. Zhao Kuo kapigwa mshale, waliobaki wakajisalimisha, Sima Qian, mwandishi wa historia wa China ya kale, anasema waliouawa baada ya hapo walikua laki nne, wakaachiwa vijana wadogo 240 tu wapeleke habari nyumbani. Laki nne siimezi nzima nzima, ila makaburi ya halaiki yamechimbwa kule.

Na hata hiyo haikumaliza! Qin wakaenda kuzingira Handan mji mkuu wa Zhao, wakashindwa, falme za Wei na Chu zikaja kusaidia, 257 KK wakarudi nyuma. Handan ilikuja kuanguka 228 KK. Miaka 30 na zaidi baada ya ushindi mkubwa kuliko Cannae.

Mstaafu Nyakato

Mbishi leo umeongea vizuri, nakuunga mkono kwa Qin. Ila Thebes usiipite haraka, kufutwa kwa mji mmoja kuliifanya miji mingine ya Ugiriki itulie Alexander akiwa Asia, ukatili ule ulikua na kazi yake.

Na kwa kuwa rafiki yake kijana alimtaja Alexander, hiyo ya siku moja tuimalize. Gaugamela, 331 KK, ndio pigano linaloitwa lilimaliza Uajemi. Kabla yake kuna Granicus 334, Issus 333, kuuzingira mji wa Tiro miezi saba 332, Misri ikajisalimisha. Yaani kabla ya ile siku moja Waajemi walikua wameshapoteza pwani yote ya Mediterania na bandari za meli zao. Pale Gaugamela Darius mfalme wa Waajemi alikimbia, na kilichoumaliza ufalme ni kwamba magavana wake walipima wakaona mwajiri mpya ni huyu, Mazaeus ambaye siku ile alipigana vizuri sana upande wa Darius ndiye aliyemfungulia Babeli, akapewa ugavana wa Babeli. Shushani nayo ikafunguliwa. Ufalme uliokua umefungwa kwa mtu mmoja ukimtoa yule mtu vipande vinatafuta mwingine. Roma konsuli kafa, kesho wanachagua mwingine, huwezi kuikata kichwa. Na Alexander mwenyewe, Darius kauawa na watu wake 330 KK, akadhani amemaliza, akapigana Baktria na Sogdiana mpaka 327, vita ya milimani na vijiji, ngumu kuliko Gaugamela.

Kijana wa Mwaloni

Daah wakuu mmenipa shule, nimesevu uzi wote. Mzee kwa hiyo Hannibal alishindwa wapi hasa, Zama? Na Mbishi, Afrika yetu hii ukiacha Karthago na Misri hakuna?

Mstaafu Nyakato

Zama 202 KK ilikua kufunga hesabu. Kilichomuua ni 207 KK, mdogo wake Hasdrubal aliposhuka Italia na jeshi la kumuongezea nguvu, Warumi wakamzuia mtoni Metaurus wakamuua, kichwa kikarushwa kambini kwa Hannibal. Kuanzia hapo alijua hakuna anayekuja. Pale Zama farasi wa Numidia ambao zamani walikua upande wake wengi sasa wako na Masinissa mfalme wao upande wa Scipio, jenerali wa Roma, na ndio walioziba nyuma.

Mama Furu

Ya Afrika nijibu mimi kwa niaba ya Mbishi, Kushi, huko Sudan ya sasa. Roma imeichukua Misri 30 KK, miaka mitano baadae hivi Wakushi wakavamia mpaka wa kusini, Syene ambayo ndio Aswan, Philae na Elephantine, wakabeba sanamu za Augusto, kaisari wa Roma. Malkia wao, kandake, Strabo, mwandishi wa Kigiriki wa zama zile, anasema alikua na jicho moja, jina linalotajwa ni Amanirenas. Gavana Petronius akaja na askari 10,000 akaenda mpaka Napata akaichoma, akauza watu. Kwa hesabu za kijiweni Roma imeshinda hapo. Lakini kandake akarudi na jeshi, Petronius kakimbilia ngome yake ya Primis akaikuta bado salama, wakatazamana, wajumbe wa Kushi wakapelekwa mpaka kisiwa cha Samos kuonana na Augusto mwenyewe, akawafutia kodi aliyokua amewawekea. Mpaka ukakaa hapo kwa muda mrefu sana.

Na kichwa cha shaba cha Augusto kilifukuliwa Meroe mwaka 1910, kimezikwa chini ya mlango wa hekalu, kila anayeingia anakanyaga. Kipo British Museum, London.

Pikipiki Igoma

Amanirenas hapo kamaliza. Mbishi njoo useme kitu

Mbishi wa Capri Point

Nakuja, naandika cha Ramses na vita ya Kadesh, mji wa Syria ya leo, 1274 KK, Misri wamejichorea ukutani wameshinda na Wahiti nao kwao wanasema wameshinda, na mji wenyewe ulibaki kwa Wahiti.